Alihamisha Gemu Zote Kwenda Diski Mpya, Jina la Marehemu Likabaki Nyuma

Wageni wengi wanaoshuka Kolo wanakwenda kuona michoro ya mapangoni, ile ambayo UNESCO iliiingiza kwenye orodha ya Urithi wa Dunia mwaka 2006. Wanapiga picha, wanapanda na kushuka mlima, wanarudi barabarani kusubiri basi la kwenda Babati au la kurudi Kondoa. Vijana wa pale wenyewe, jioni ikifika, wana sehemu yao nyingine. Ni chumba kimoja cha matofali ya kuchoma nyuma ya fremu za maduka, kina benchi mbili, feni moja inayolia, na kompyuta moja ya mezani ya mtumba iliyounganishwa na TV. Mechi moja sh 300. Ukifungwa unampisha mwenzako.

Mwenye banda ni jamaa wa miaka ishirini na kitu hivi, mpole, sio mtu wa maneno mengi. Alianza na pedi mbili za kuazima. Wenye mtaji mkubwa huko mjini wameshahamia PS4 na PS5, yeye ana kompyuta yake, na kompyuta ina faida moja ambayo watu wa PS hawaipati kirahisi: unaweza kuifanya gemu iwe ya kwenu.

Hapo ndipo habari yenyewe inapoanzia. Gemu inayoingiza hela pale sio ile mpya. Ni PES 2017. Gemu ya miaka mingi, lakini kompyuta dhaifu inaibeba bila kukwama, na ina sehemu ya kuhariri ambapo unabadilisha jina la timu, jezi, majina ya wachezaji, sura, namba, hata urefu wa mtu. Basi miaka kadhaa iliyopita, mtoto wa mjomba wake, binti mmoja mwenye vidole vyepesi kwenye kibodi, alikaa likizo nzima akachukua timu moja ya huko Ulaya ambayo pale kijijini hakuna anayeijua, akaifuta yote na kuandika timu ya Kolo. Golikipa ni yule muuza duka la vocha. Beki wa kati ni fundi baiskeli, na alilalamika sana kuhusu kasi aliyopewa. Mwalimu mmoja wa shule ya msingi amewekwa benchi, na hajui hadi leo.

Winga alikuwa dogo mmoja dereva wa bodaboda. Mwenyewe ndiye alikuwa mteja mkubwa wa banda, anacheza na yeye mwenyewe kwenye skrini, akifunga anainuka anawaonyesha watu mgongo wenye namba ambayo haipo. Akafariki kwa ajali ya pikipiki kwenye lami, usiku, akiwa na miaka ishirini na mbili. Alizikwa kesho yake mchana. Banda lilifungwa siku tatu.

Lilipofunguliwa, kuna aliyependekeza afutwe kwenye timu kwa heshima. Wengine wakakataa. Akaachwa. Na ikawa ajabu, kila anayechukua timu ya Kolo lazima ampe mpira winga yule kwanza, hata kama haina maana kimpira. Watangazaji wa kwenye gemu hawamjui, wao wanaendelea na Kiingereza chao. Wanaomtaja ni wale waliokaa kwenye benchi. "Mpe! Mpe! Piga! Aaah, huyu naye!" Jina lake linasikika mpaka nje barabarani.

Na nje barabarani mama yake anauza vitumbua na chai. Meza yake iko hatua kumi tu kutoka mlangoni. Hajawahi kuingia humo ndani, anasema kuna joto na maneno ya hovyo. Lakini anasikia.

Sasa turudi kwenye kompyuta. Ile mashine ilikuwa na diski moja ya GB 500, ya zamani, ya kuzunguka. Kila kitu kilikuwa humo: Windows, PES 2017, PES 2021 ambayo peke yake inataka GB 40, GTA San Andreas, GTA V inayokula zaidi ya GB 70, Euro Truck Simulator 2 ambayo madogo wanaipenda kwa ajili ya mabasi, muvi, picha za harusi za watu, na takataka nyingine ambazo mtu hukusanya bila kujua. Mstari wa diski C ukawa mwekundu. Mashine inawaka dakika tano. Wateja wanasubiri mechi ifunguke wanaanza kuchati, wengine wanaaga.

Fundi mmoja Kondoa mjini akampa mpango mzuri tu, na ni vizuri kusema wazi kwamba ulikuwa mpango mzuri, kwa sababu baadaye watu walitaka kumtupia fundi lawama. Mpango ulikuwa huu: anunue SSD ya GB 240 kwa ajili ya Windows, mashine iwake haraka. Anunue pia diski ya kawaida ya TB 1 kwa ajili ya gemu, maana gemu zote kwenye GB 240 hazienei. Gemu azihamishe mwenyewe nyumbani taratibu. Akimaliza alete mashine, fundi atapiga Windows mpya kwenye SSD, na ile diski ya zamani fundi ataichukua kama sehemu ya malipo. Jamaa akauza gunia mbili za alizeti, akakopa kidogo kwa dada yake, akanunua.

Kuhamisha gemu kunaonekana kazi ndogo. Kopi, pesti, umemaliza. Yeyote aliyewahi kufanya anajua sivyo.

Kwanza, gemu haikai kama muvi. Muvi ni faili moja, ukilipeleka kokote linacheza. Gemu ni maelfu ya faili, na mara nyingi Windows yenyewe imeandikiwa mahali kwamba "gemu hii iko C, folda fulani". Ukiihamisha kimyakimya kwenda D, ile njia ya mkato iliyoko kwenye skrini inabonyezwa na hakuna kinachotokea, kwa sababu inagonga nyumba ambayo watu wamehama. Gemu nyingine hazijali, unaingia ndani ya folda mpya unabonyeza faili lake na inawaka. Nyingine zinagoma kabisa hadi uzidanganye.

Za Steam ndizo rahisi. Euro Truck ndiyo pekee aliyoinunua kihalali, kaka yake wa Dar ndiye aliyelipia. Kwenye Steam unaingia mipangilio, sehemu ya hifadhi, unaongeza diski mpya, unachagua gemu, unabonyeza kuhamisha. Steam inakopi yenyewe, inabadilisha kumbukumbu zake yenyewe, na upande wa zamani inafuta. Wenzetu wa Epic mambo ni ya kuzunguka kidogo: unakopi folda pembeni, unaiondoa gemu, unaanza kuipakua upya kwenye diski mpya, ikishaanza kidogo unaisimamisha, unarudisha folda yako juu yake, unaendelea. Inakagua faili, inakuta zipo, haipakui tena. Kwa mtu wa mjini mwenye intaneti ya nyumbani huo ni usumbufu wa bure, angeipakua tu upya. Kwa mtu anayetumia bando la simu, kupakua GB 70 upya ni hadithi. Hela hiyo ananunua diski nyingine na chenji inabaki.

Zile zilizobaki, za kupewa kwenye flashi na washikaji, ndizo zilizompa kazi. Hapo alitumia ujanja ambao mafundi wanaupenda: unaipeleka folda D, halafu kwa amri ya mklink yenye /J unaacha pale C kitu kama mlango wa uongo. Gemu ikija C kutafuta mambo yake inapita kwenye mlango huo inatokea D bila kujua. Ujanja huo aliujaribu na San Andreas, ukakubali, akafurahi kama mtoto. Ingawa kwa mpango wa fundi haukuwa na maana sana, kwa sababu C yenyewe ilikuwa inakwenda kubadilishwa na milango yote ya uongo ingeondoka nayo. Lakini mtu akijifunza kitu kipya usiku wa manane, nani wa kumwambia?

Usiku wa kwanza alikosea kitu kimoja kidogo kisicho na madhara. Kabla hajapata waya wa kuunganisha diski mpya kwa USB, alitaka apitishie gemu moja kwenye flashi ya GB 32. Flashi ina nafasi ya GB 20, faili lina GB 5, na Windows inakataa inasema faili ni kubwa mno. Alibishana na kompyuta karibu saa nzima. Kumbe flashi ilikuwa kwenye mfumo wa FAT32, na huo haupokei faili moja la GB 4 au zaidi hata kama nafasi imejaa tele. Ukiibadili kuwa NTFS au exFAT inakubali. Hili limewapiga wengi, na wengi wamezirudisha flashi dukani wakidai ni feki.

Usiku wa pili waya ulipatikana. USB ya kompyuta yake ni ile ya 2.0, ikijitahidi sana inapitisha kama MB 30 kwa sekunde. Ukipiga hesabu, GB 300 ni karibu saa tatu, na hapo umeme uwe umetulia. Haukutulia. Saa nne usiku ukakatika, GTA V ikiwa katikati.

Na hapa jamaa asifiwe, alikuwa amekopi, hakukata. Wengi huwa wanakata na kupesti ili kuokoa muda, umeme ukiondoka katikati unabaki na gemu nusu huku nusu kule, na zote mbili haziwaki. Yeye folda ya zamani ilikuwa nzima. Umeme uliporudi alfajiri alianza upya kwa amri ya robocopy, ambayo inaruka vilivyokwisha kufika na kuendelea na vilivyobaki.

Asubuhi babu yake alimkuta macho mekundu.

"Shikamoo babu."

"Marahaba. Hujalala kwa sababu ya hiyo TV?"

"Nahamisha gemu babu. Zinatoka diski hii zinakwenda hii nyingine."

Babu anajua kuhama. Mwaka 1979 serikali iliamuru mifugo yote iondolewe kwenye vilima vya Irangi. Ardhi ilikuwa imekatika makorongo ya kutisha, mchanga unashuka kila mvua, na mradi wa HADO, Hifadhi Ardhi Dodoma, ulioanza mwaka 1973, ukaona hakuna namna nyingine. Ng'ombe, mbuzi, kondoo, wote watoke. Yeye alikuwa kijana wakati huo. Waliswaga mifugo kushuka mabondeni kwa ndugu na marafiki, wengine waliuza kwa bei ya kulia. Majani na miti unayoiona leo juu ya vilima vile imeota juu ya uchungu huo, na wazee hawakubaliani mpaka leo kama ilikuwa haki au la. Babu yeye anasema ilibidi. Bibi anasema tofauti.

"Umehesabu?" babu akauliza.

"Nini?"

"Walioondoka na waliofika."

Jamaa akacheka, kisha akaona sio jambo la kuchekesha. Akabonyeza folda ya zamani upande wa kulia, akasoma idadi ya faili na ukubwa. Akafanya vilevile kwa folda mpya. Akarudia kwa kila gemu, moja baada ya nyingine, akiandika kwenye daftari la madeni. Zote zikalingana mpaka faili la mwisho. Akazijaribu moja moja kutoka D, zikawaka. Ijumaa baada ya swala akapeleka mashine Kondoa. Jumamosi ikarudi inawaka kabla hujamaliza kukaa. Banda likajaa. Watu wakasifu.

Siku ya kwanza hakuna aliyegundua, kwa sababu wote walikuwa kwenye GTA V na PES 2021, wanashangaa spidi. Madogo wa Euro Truck ndio walioanza kulalamika kwamba mabasi yao hayapo. Gemu ipo, barabara zipo, lakini yale mabasi ya Kitanzania yenye rangi zake yameondoka. Jamaa akajua hizo ni modi, akaona atazipata tena kwa mtu. Profaili yenyewe ya dereva, na hela zake na makampuni yake, ilirudi, kwa kuwa wakati wa kuianzisha alikuwa ameweka alama ihifadhiwe kwenye Steam mtandaoni. Akaona mambo freshi.

PES 2017 ilikaa siku nne bila mtu kuitaka. Siku ya tano, mama wa vitumbua akasogea mlangoni. Hakuingia. Alisimama na kisahani mkononi akamwita jamaa nje.

"Mwanangu, mbona siku hizi simsikii?"

"Nani, mama?"

"Mwenzenu. Hamumchezeshi tena? Au mmemtoa?"

Jamaa akasema hapana mama, yupo, vijana wana gemu mpya tu, leo watamchezesha. Akaingia ndani, akafungua PES 2017 mwenyewe. Ikawaka haraka kuliko siku zote. Akaenda kutafuta timu ya Kolo. Pale ilipokuwa palikuwa na ile timu ya Ulaya ambayo hakuna anayeijua, jezi zake za asili, wachezaji wake wenye majina ya kuvunja ulimi.

Inafaa kueleza kilichotokea, kwa sababu kinaweza kumkuta mtu yeyote. Folda ya gemu ina gemu. Lakini kile ulichokifanya wewe ndani ya gemu, gemu nyingi hazikiweki humo. Zinakiweka kwenye folda ya Documents ya mtumiaji, na hiyo iko C pamoja na Windows. PES 2017 inatengeneza folda ya KONAMI ndani ya Documents, ndani yake folda ya gemu, ndani yake folda ya sevu, na humo kuna faili linaloitwa EDIT00000000. Timu nzima, majina, namba, sura, vyote vimo kwenye faili hilo moja la MB chache. San Andreas nayo iko hivyohivyo, misheni zako zinakaa Documents. Euro Truck ndivyo, modi na profaili ziko Documents. Nyingine zinajificha kwenye AppData, ambayo Windows haikuonyeshi mpaka uiombe. Jamaa alikuwa amehamisha GB karibu 300 bila kupoteza faili hata moja, akahesabu, akahakikisha, na alichokiacha kilikuwa MB chache.

Na diski ya zamani ilishabadilishwa na fundi.

Alipanda bodaboda kwenda Kondoa mchana uleule. Fundi hakuwa mtu mbaya. Alisikiliza, akashika kichwa. Ile diski alikwisha kuifomati, akaiwekea Windows, akaifunga kwenye kompyuta ya mtu wa stesheneri huko Babati. Akapiga simu. Mwenye stesheneri akasema mashine inafanya kazi tangu Jumatatu, imejaa kazi za watu za kuchapa, na hawezi kuifungua. Fundi akaeleza kwa upole kwamba faili likifutwa linaweza kupatikana kama hakuna kitu kilichoandikwa juu yake, lakini diski ikishafomatiwa, ikapigwa Windows mpya na kutumika siku nne, matumaini ni madogo. Hakumtoza chochote kwa ushauri.

Aliporudi alimkuta babu nje akichambua mbaazi. Akamsimulia, zaidi kwa ajili ya kumsimulia mtu kuliko kutafuta jibu. Babu hakuelewa mambo ya Documents. Alichouliza ni kimoja tu.

"Ulihesabu ng'ombe wa malishoni?"

"Nilihesabu wote, babu."

"Ndama huwa hawaendi malishoni. Ndama wanafungwa nyumbani."

Jamaa alikaa kimya. Kwa siku mbili aliliepuka lile jiko la vitumbua. Akawa anapita nyuma ya fremu, kwenye mifereji ya maji machafu, ili asionane na yule mama. Wateja walijua, maana kitu kama hicho hakifichiki, na wakagawanyika. Kuna waliosema tuiandike upya, si majina tu? Kazi ya siku moja. Kuna waliosema haitakuwa ileile. Fundi baiskeli alisema kama inaandikwa upya yeye aongezewe kasi.

Lakini kuandika upya kulikuwa na tatizo ambalo wenyewe walikuja kuligundua walipojaribu. Hakuna aliyekumbuka vizuri. Alikuwa na urefu gani? Yule binti alimpa nywele gani? Alikuwa anatumia mguu wa kushoto kwenye gemu, au huo ni mguu wake wa kweli uwanjani? Mmoja anasema hivi, mwingine vile. Walibishana mpaka wakaona aibu. Miaka miwili tu imepita.

Mwaka 1951 mama mmoja mtafiti, Mary Leakey, alifika maeneo haya ya Kondoa akatumia miezi akinakili michoro ya mapangoni, mmoja mmoja, kwa mkono. Kitabu chake kuhusu michoro hiyo kilitoka mwaka 1983. Mwamba hauhamishiki, na mvua, jua, moshi na mikono ya watu havisubiri. Waongozaji wa pale Kolo huwasimulia wageni habari zake kila siku, na vijana wa banda wamezisikia toka shuleni mpaka zimewachosha. Hakuna kati yao aliyeziunganisha na kompyuta. Nani angeziunganisha?

Aliyeokoa jahazi ni yule binti mwenyewe, mtoto wa mjomba, ambaye sasa yuko chuo Dodoma. Hakuna aliyemwambia, alisikia kwenye simu wakati anaongea na shangazi yake mambo mengine kabisa. Akapiga moja kwa moja.

"We kaka, umepoteza timu yangu?"

"Sio timu yako, ni ya kijiji."

"Niliiandika mimi. Sasa sikiliza. Nilivyokuja chuo nilikopi PES kwenye laptopu, nikakopi na Documents yote. Sijawahi kuigusa. Subiri."

Alizipu folda ya sevu akaituma WhatsApp. Ilichukua muda mfupi kuliko salamu zao. Zile GB 300 zilimkesha jamaa siku mbili, hii ilifika kabla hajatafuta pa kukaa. Akaifungua, akaiweka Documents kwenye njia ileile, folda ndani ya folda, akahakikisha herufi zote. Akawasha PES.

Timu ya Kolo ilikuwepo. Ila ilikuwa ya zamani, ya siku binti alipoondoka. Wachezaji watatu walioongezwa baadaye hawamo, na mmoja wao, kijana wa gereji, alinuna kweli, akasema yeye ndiye anayelipa kila siku halafu hayumo. Ikabidi aundwe hapohapo na apewe mechi mbili za bure. Na winga alikuwa amevaa namba 11. Wote walikumbuka 8, kwa sababu kabla ya kufariki aliomba abadilishiwe, na jamaa mwenyewe ndiye aliyembadilishia. Kukawa na mjadala mrefu kama arudishiwe 8 au aachwe na 11. Wakatuma mtu akamwulize mama. Mama akasema yeye hajui namba, anajua jina. Akauliza limeandikwa sawasawa? Likaangaliwa. Binti alikuwa amekosea herufi moja toka mwanzo, na miaka yote hiyo hakuna aliyeona, hata mwenyewe. Ikarekebishwa. Namba akapewa 8.

Sasa folda ile iko sehemu nne: kwenye SSD, kwenye D, kwenye laptopu ya Dodoma, na kwenye flashi iliyofungwa kamba pamoja na funguo za banda. Jamaa ameibandikia karatasi yenye neno moja, NDAMA, na mteja mgeni akiuliza maana yake huwa hapewi jibu.

Jioni ile ya kwanza walicheza Kolo na Barcelona. Kolo walifungwa nne moja. Dakika ya themanini na kitu wakapata penalti, wakampa yeye apige, ikapaa juu ya goli. Banda zima lilimzomea kwa jina, kwa sauti ambayo haijasikika pale kwa wiki nzima, mpaka kondakta wa basi lililosimama akageuka kuangalia kuna nini. Nje, mama wa vitumbua alikuwa anamrudishia abiria chenji. Alicheka mpaka akakosea hesabu.